Simu Iliyotangaza Msiba

Kaka yangu aliamini kuna programu ya simu inayojua kindege cha mchezo wa kamari wa mtandaoni kitaruka mpaka wapi kabla hakijapotea. Upuuzi mtupu! Simu yake ilikuwa imevunjika kioo, basi akaipakua kwenye simu ya mama, pale nyumbani Chang'ombe. Programu ikaomba ruhusa ya kusoma meseji na namba zote. Akaikubalia.

Mama ndiye aliyekuwa akitangaza misiba ya ukoo. Wezi walioitengeneza programu ile walisoma meseji zake za zamani, wakaiga hata salamu zake, wakawatangazia ndugu kwamba baba amefariki na rambirambi zitumwe namba fulani. Ndugu wakatuma. Wengine walifika wakilia, wakamkuta baba mlangoni anatafuna karanga.

Kaka aliapa hatarudia. Sijui kiapo chake kilimsaidia nani.

Mvua zilipoanza, baba akafariki kweli. Mama aliandika meseji kwa salamu zake zilezile, akawatumia wote. Majirani wakatusaidia kutandika majamvi, tukawasubiri ndugu. Hawakuja. Jioni likaja jibu moja tu, la shangazi yetu wa Kondoa:

"Kaka yangu anakufa mara ngapi, wezi nyie?"