Dereva Anayefungasha Kabla ya Jaji Kuamua

Asubuhi na mapema, Shangazi anafungua mlango wa nyuma wa gari la shule ya marekebisho ya watoto. Anapakia godoro, ndoo na begi la msichana wa miaka kumi na tano.

"Jaji hajasema kitu, wewe ushahamisha mtu!" mlinzi anamtania.

"Fungua geti, baba. Maneno baadaye."

Shangazi, kama watoto wanavyomwita, ni dereva. Huwapeleka watoto Mahakama Kuu, ambako majaji hupitia upya hukumu za mahakimu wa chini. Tabia ya kufungasha aliianza mwaka wake wa kwanza kazini. Mvulana mmoja aliachiwa huru Ijumaa, lakini vitu vyake vilikuwa stoo na mtunza stoo keshaondoka. Kwa utaratibu wa shule, mtoto haondoki bila vitu vyake. Akalala ndani hadi Jumatatu, ilhali yu huru.

"Nililia utadhani nimemzaa mimi," anasema. "Nikaapa, kuanzia leo nafungasha kwanza."

Msichana wa leo alipewa miaka mitatu kwa wizi wa simu. Kesi ilianza na kwisha siku moja, mama yake hana habari; alikuja kujua baadaye.

"Wakinirudisha je, Shangazi?" anauliza njiani.

"Utalilalia godoro lako. Halina kinyongo hilo."

Msichana anacheka kidogo. Anaogopa, na haoni haya kusema.

Mahakamani, mama mtu anaingia na binti yake. Shangazi anabaki kwenye benchi la korido, akimwambia kila anayepita kwamba leo anarudi na gari tupu. Mlango unapofunguliwa, mama anatoka amemshika binti mkono kama anayemvusha barabara.

"Imefutwa!" anasema. "Jaji kasema mtoto hahukumiwi mzazi wake hajaitwa. Dada yangu, nikushukuruje?"

"Mimi nimeshika usukani tu. Mpe mwanao maji, midomo imemkauka."

Wanapoondoka na godoro, ndoo na begi, Shangazi anawatazama hadi wanapokata kona. Ana furaha, na haifichi. Alhamisi atawaleta ndugu wawili, nao walihukumiwa bila mzazi, na ana hakika watatoka.

Na Mahakama Kuu ikikataa? anaulizwa.

"Juu yake si kuna majaji wengine?" anajibu, akiwasha gari. "Njia ya huko naijua, na leseni ninayo."