Siku Niliyomupika Kakakuona

Mimi ni muntu wa mudomo, siwezi kuficha. Kwetu Karuba, kwenye milima ya Masisi, mama yangu alikuwa akiniambia, "Weye mutoto, mudomo yako itakuponza." Angesema itaponza wengine, labda ningesikia.

Niliolewa huku Walikale, katika kijiji ambako pori inaanza nyuma ya jikoni. Bwana yangu ni mwalimu wa shule ya musingi. Nilikuja na valizi moja, Biblia, na madharau. Sisi watu wa milima, wenye ng'ombe na viazi, tuko na tabia mbaya ya kuona watu wa pori kama watu ambao hawajaamka. Nilikuta wanasali vizuri kabisa, pengine kunishinda, lakini kando ya kanisa walikuwa na mambo yao ya kimila ambayo hawakuyaongelea sana mbele yangu. Hiyo ilinichoma. Mwaka haujaisha nilikuwa nimeshika kikundi cha mama za maombi, na kila mwiko niliousikia niliukemea kwa jina la Yesu.

Mwiko mukubwa ulikuwa wa kakakuona, yule munyama wa magamba ambaye akiogopa anajikunja kama kabichi. Wazee wa hapa wanasema yeye ndiye aliyefundisha babu zao kuezeka nyumba: waliangalia namna magamba yake yanavyolaliana, wakapanga majani ya mapaa yao vile vile. Kwa hiyo hauawi. Ukimukuta amekufa, humutii kisu. Unamuita muzee mwenye kushika mambo hayo, naye anajua nani atapewa kipande gani na maneno gani yatasemwa. Ukimula ovyo, unakufa, ao uzazi wako unakufa. Muzee mwenye kushika mambo hayo alikuwa baba mukwe wangu.

Alikuwa muntu mupole, na bado iko hivyo. Kwa heshima ya hapa, bibi ya mutoto wake hakai naye uso kwa uso. Nilimusemesha kando ya mulango, macho chini. Lakini alinipenda. Bugali yangu alikuwa anaimaliza yote, kisha anasema kwa nguvu ili nisikie jikoni, "Watu wa Masisi samaki hawajui, lakini bugali, ee, wanaijua!"

Siku yenyewe alikuwa ameenda kwenye kilio, kijiji cha mbali. Shemeji yangu mudogo, muwindaji, alikuta kakakuona amekufa ndani ya mutego wake wa waya aliotegea swala. Alikuja nayo akitoka jasho, akailaza juu ya majani ya migomba nyuma ya jikoni yangu, akasimama mbali.

"Tumungojee Papa," akasema.

Papa, ni kusema baba mukwe, alikuwa wa kurudi kisha siku mbili, na jua lilikuwa kali.

"Sasa nyama ioze kwa sababu ya shetani?"

"Mama, usicheze na hiyo kitu."

"Weye ulibatizwa ao ulilowanishwa tu?"

Aliinamisha kichwa. Mimi nikasikia utamu wa kushinda, ule utamu ninaoujua sana. Nikachemusha maji, nikatoa magamba, nikapika na mawese na pilipili, nikatuma watu waite mama za maombi. Wengine walifika kwenye migomba wakarudi. Wale waliobaki walikaa na mikono kati ya magoti, kama watu wanaongoja sindano. Niliimbisha wimbo, nikaomba, nikala wa kwanza. Ilikuwa nyama tamu, hiyo siwezi kukana.

Jirani yangu, mama kijana aliyeolewa miezi michache tu, alishika kipande chake mpaka mafuta yakamutelemukia kwenye kiwiko cha mukono. Nikamuambia, "Kula, dada. Damu ya Yesu imekufunika." Alikula. Hakutazama nyama, alinitazama mimi.

Baba mukwe aliporudi, aliokota magamba moja moja nyuma ya jikoni yangu, akayafunga ndani ya jani, akaenda kuyazika peke yake. Jioni nilimutumia bugali, ikarudi imefunikwa vile vile nilivyoifunika. Kesho yake vile vile, na siku zote zilizofuata. Angenitukana ningejua pa kumujibu. Kwa ukimya wake nilisema moyoni, shetani ameshindwa, anakasirika.

Na kweli sikufa. Wiki ilipita, mwezi ukapita, nikanenepa hata. Watu walikuwa wananiangalia nikipita kwenda kuchota maji, na nilikuwa napita polepole ili wanione vizuri. Ee Mungu wangu, nilivyokuwa natembea!

Hapo njo wawindaji walianza. Wa kwanza alileta kakakuona mubichi mpaka mulangoni kwangu akisema, "Mama, bariki basi, na sisi tule." Nikabariki. Niliweka mukono juu ya yale magamba na kuomba. Nilifanya hivyo mara nyingi, sikumbuki ngapi, na kila mara walinipa kipande. Kisha watu wa kununua magamba walikuja na mifuko kutoka upande wa machimbo. Sasa nyama ikawa kitu cha kando, watu waliua kwa ajili ya magamba tu. Wale wazee waliojaribu kukataza walijibiwa kwa kicheko: "Mama wa maombi alikula. Iko muzima. Mutuache."

Miaka ikaenda hivyo. Siku moja shemeji alirudi kutoka pori ya mbali, akakaa jikoni kwangu, akasema ametembea siku tatu bila kuona kichuguu hata kimoja kilichochimbuliwa na kakakuona. "Zamani nilikuwa naona kila siku," alisema. Nilikuwa nachambua maharagi. Mikono yangu ilisimama. Ni mimi, nilijiambia.

Kisha komite ya pori ya kijiji ikaundwa, ili sisi wenyewe tulinde miti na wanyama wetu. Wakanichagua mimi kwa upande wa mama, kwa sababu ya mudomo huu huu. Kwenye mafunzo agenti mumoja wa kulinda wanyama alinyanyua picha ya kakakuona, akasema huyu analindwa na sheria, karibu anaisha duniani, nani hapa anamujua? Mama wote waligeuka kunitazama, wakacheka mpaka machozi. Na mimi nilicheka. Ningefanya nini?

Nikaanza kupita nyumba kwa nyumba kukataza. Walinikaribisha vizuri, wakanipa kiti, wakanijibu kwa adabu ambayo iliniumiza kuliko matusi. Muwindaji mumoja, muzee wa kanisa, aliniambia, "Mama, maji yakimwagika hayazoleki. Si weye njo ulitufungua macho?" Nilimutajia sheria. Akasema sheria iko Goma, na Goma iko mbali.

Basi nikaenda kwa baba mukwe. Nilikaa kando ya mulango, macho chini, kama desturi. Nilimuomba msamaha, wa kwanza tangu ile siku, nikamuomba arudishe mwiko. Nilisikia anakohoa, anasogeza kiti.

"Mutoto wangu," akasema, "mwiko haina askari, haina prizo ya kufungia watu. Iko na nguvu moja tu: hakuna muntu alishajaribu akabaki muzima. Weye ulikula, ukabaki. Sasa niwaambie nini? Nitawatisha na nini?"

"Basi hakuna dawa, Papa?"

"Mungu anisamehe. Kama ungekufa ile wiki, leo kakakuona wangekuwa wengi."

Hakusema kwa hasira. Alisema kama muntu anayeeleza njia ya kwenda sokoni. Nililia pale mulangoni, naye aliniacha nilie, kisha akasema niende kupika, watoto watasikia njaa.

Hapo njiani wazo lilinikuta, na ninaapa sikulitafuta. Kabla ya watoto tulio nao leo, mimi na bwana yangu tulipoteza wawili. Mumoja alitoka kwa tumbo ya miezi mitano. Mwingine, wa kiume, hakumaliza mwezi. Wote walikuja kisha ile sufuria ya kakakuona. Muguzi wa kituo cha afya alipima damu mara zote mbili, akatuonyesha karatasi: malaria. Na ni kweli, miaka ile malaria ilipita kila nyumba. Sikuwahi kufikiri kingine. Lakini watu wa hapa, je, wangefikiri nini kama ningewasaidia kidogo?

Wiki nzima nilipigana na hilo wazo. Siku ya Mungu, wakati wa ushuhuda, nilisimama mbele. Nilisema, "Mulisema sikufa. Kweli, sikufa. Lakini ndani ya nyumba yangu nani alikufa? Nilikula ile nyama, kisha nikazika wawili. Hesabuni ninyi wenyewe."

Sikusema nyama njo iliwaua. Niliwaachia watu wamalizie. Kazi hiyo ninaijua, nimehubiri miaka mingi. Muzee yule wa sheria iko Goma alishika kichwa kwa mikono miwili.

Ikafaulu, ndugu zangu, ikafaulu kushinda karatasi zote za komite. Wiki hiyo hiyo shemeji alikuta wawindaji wanang'oa waya kule kwenye vichuguu. Kisha muntu alikuta kakakuona jike amenaswa kwa muguu, muzima, mutoto amepanda kwenye mukia, akamufungua, akamuacha aende. Alikuja mbio kwa baba mukwe kueleza, na baba mukwe alitoka nje kucheka, muzee yule, akipiga makofi. Jioni alikula bugali yangu. Sahani ilirudi tupu. Nilisimama nayo jikoni muda mrefu.

Bwana yangu hakucheka. Aliniuliza, "Muguzi alituambia nini?"

"Malaria."

"Na weye kanisani umesema nini?"

"Wanyama watapona," nikamuambia.

"Wale watoto walikuwa wangu pia," akasema, akachukua vitabu vyake akaenda shuleni bila chai. Mpaka leo hatujalirudilia neno hilo.

Nilifikiri hiyo njo malipo yangu, na nilikuwa tayari kuyabeba. Lakini asubuhi moja jirani yangu alikuja, yule wa mafuta kwenye kiwiko cha mukono. Mutoto wake wa kwanza, musichana, alikuwa ameanza kutembea wakati homa ilimuchukua, mvua ya Novemba. Mimi njo nilimubeba tukienda kuzika. Kisha yule mutoto, jirani hakupata mwingine.

Alikaa kwenye mukeka. Nilimupa chai, hakuinywa. Alikuwa amekonda tangu ile Siku ya Mungu, na mimi, na macho yangu haya mawili, sikuwa nimeona.

"Mama," akasema, "mutoto wangu. Njo ile nyama?"

Nilikuwa na jibu. Dada, ni malaria, nilikuwapo wakati muguzi anapima. Nyama haikumugusa mutoto wako, na wangu haikuwagusa. Maneno mafupi tu. Lakini neno likitoka jikoni kwangu asubuhi, saa sita liko sokoni, na saa tisa liko kwa wawindaji, na waya zinarudi kwenye vichuguu. Nilimuona yule jike na mutoto juu ya mukia. Nilimuona huyu mbele yangu. Mudomo wangu, ule ambao haujawahi kukosa la kusema, ulikauka.

"Sijui, dada," nikamuambia. "Mungu njo anajua."

Alitikisa kichwa polepole, kama muntu ambaye alishajua. Kisha akainuka, akanishika mukono kwa mikono miwili, akaniambia aksanti, kwa sababu mimi peke yangu nimemuambia ukweli.