Fainali ya Kwanza, Saa ya Kufuturu

Msimu wa kwanza wa ubingwa wa mitaa ya Kigali, mimi nilikuwa golikipa wa Biryogo. Sikuchaguliwa kwa ustadi. Kocha wetu, mchoma nyama aliyelelewa Tanzania, alinikuta kwenye cherehani yangu, akanipima upana kwa macho, akasema, "Fundi, wewe ukisimama tu golini, nusu ya kazi imeisha."

Ubingwa wenyewe ulikuwa wa kujikongoja. Mwamuzi alikuwa shemasi kutoka Kimironko, mtu mpole aliyeomba radhi kila alipotoa kadi. Sisi tulishinda kwa bahati, kwa kelele, na mara moja kwa sababu golikipa wa wapinzani alikuwa anaongea na simu. Tukajikuta fainali, dhidi ya Kagugu.

Kagugu walikuwa watu wa ofisini, jezi zao zimepigwa pasi. Zetu nilizishona mimi, na kwa kuwa kitambaa kilipungua, mabeki walivaa mikono ya pazia.

Fainali iliangukia Ramadhani. Waandaaji waliapa ingeisha mapema, kisha mgeni rasmi akashika kipaza sauti. Tumefunga, koo zimekauka, tunahutubiwa kuhusu faida za kunywa maji.

Mechi ikaisha bila bao na bila aibu. Tukaingia kwenye penati, tukawa sawa. Mshambuliaji wetu akauweka mpira, akarudi nyuma, na hapo adhana ya magharibi ikaanza. Akageuka, akaenda zake pembeni, ambako mke wa kocha alikuwa amepanga tende, uji na sambusa.

"Huyu iko wapi?" shemasi akauliza. "Penati yake iko hapa!"

"Ameenda kufuturu," nikamwambia.

"Sheria inasema nini?"

"Sheria ya nani, shemasi?"

Akafikiri kidogo, akatia filimbi mfukoni, akatufuata. Kocha akawaita na Kagugu: "Karibuni, ndugu zetu. Mpira haupoi, uji unapoa." Nahodha wao, afisa mmoja aliyekulia Uganda, alisita kama mtu anayengoja mwaliko wa maandishi. Alipoonja sambusa ya kwanza, hakusita tena.

Tuliporudi uwanjani tulikuwa watu wengine kabisa, wazito. Mshambuliaji wetu aliupiga mpira, ukatambaa hadi miguuni kwa golikipa wao. Akaja nahodha wa Kagugu. Nilimsoma: kushoto. Ukaja kushoto kweli. Akili yangu iliruka. Mwili uliinama kwa adabu, kama ninamwamkia mama mkwe. Bao.

Niliona haya hadi macho yakanilowa. Nilisubiri matusi ya kocha, lakini alikuwa amekaa kwenye majani, anacheka hadi anashika mbavu. Nahodha akaja kunikumbatia.

"Pole sana, kaka," alisema. Kisha akashusha sauti. "Zile sambusa, nani alipika?"

Nikamwonyesha mke wa kocha. Akamwendea kabla hata ya kupokea kombe, akaagiza kwake nyingine za sherehe yao palepale. Nusu ya jioni ile mabingwa walikuwa wanamtafuta nahodha wao.

Hatimaye walilinyanyua, mkono mmoja wa kombe ukang'oka, tukashangilia kuliko wao. Halafu tukarudi Biryogo kwa miguu, washambuliaji wanamlaumu golikipa, golikipa anamlaumu mpishi, na mpishi anatembea mbele yetu bila kugeuka, anahesabu kwa sauti vitunguu vya kesho.