Harusi Ndani ya Bwawa

Jina la Mama Klorini hakupewa na wazazi wake. Alibandikwa na wenzake pale kwenye bwawa la kuogelea alipokuwa mfanya usafi, maana hata aoge vipi na ajipulizie manukato vipi, harufu ya dawa ya maji ilimtangulia mlangoni. Yeye hakuchukia. Harufu hiyo ndiyo iliyomlelea binti yake, aichukie ya nini?

Binti akapata mchumba, kijana mpole, hana neno. Mwenye neno alikuwa shangazi wa huyo kijana, mama mwenye nyumba kubwa, bustani pana na mdomo usio na breki. Wakati huo Mama Klorini alikuwa anazunguka mji mzima akitafuta ukumbi. Huu bei yake ya kuua mtu, ule umeshachukuliwa, na ule wa bei nafuu paa linavuja. Shangazi akapata habari, akaja mwenyewe.

"Mkwe, usijitese," alisema. "Harusi itafanyika kwangu. Wewe njoo tu, umependeza."

Njoo tu! Jamani, mtoto umzae, umlee peke yako, halafu siku ya kuolewa kwake uende kukaa kiti cha nyuma kama jirani aliyealikwa? Mama Klorini alitabasamu, akamsindikiza hadi nje, kisha akarudi ndani akalia. Akaapa kwamba mwanawe hataolewa uani kwa watu.

Siku hizo bwawa lilikuwa limetolewa maji, kama kila mwaka, ili lisuguliwe. Alikuwa chini kabisa, brashi mkononi, anajiimbia, akasikia sauti yake ikimrudia nene na tamu kuliko ilivyotoka. Akanyamaza. Akatazama kuta za buluu, ngazi pana za kushukia, na anga juu yake.

"Kumbe ukumbi ninao," akasema, "tena nausugua mwenyewe."

Meneja alicheka mpaka akavua miwani, lakini alikubali, mradi kesho yake bwawa liwe tayari kujazwa. Binti ndiye aliyekuwa mgumu kidogo.

"Mama, unaniozesha shimoni?"

"Nakuozesha mahali ulipojifunzia kuogelea. Nionyeshe bibi harusi mwingine mwenye bahati hiyo."

Binti akashindwa kujizuia, akacheka. Shangazi naye akatuma ujumbe: atakuja, ila watu wake wakae upande wao, kushoto, wasichanganywe na kila mtu.

Basi Mama Klorini akapanga. Maharusi kule kwenye kina kirefu, chini ya mapazia meupe; wakwe kushoto, watu wake kulia. Siri ya mtungi aijuaye kata, na bwawa lile alilijua kigae kwa kigae. Lakini furaha ikiingia, akili huenda likizo. Mtu wa usafi hawezi kuwaketisha wakwe penye vumbi, kwa hiyo asubuhi ile alisugua sakafu kwa sabuni yake kali mpaka ikang'aa. Akasahau kwamba sakafu ya bwawa ina mteremko.

Ilianza chupa ya soda, ikabingirika hadi miguuni kwa bwana harusi. Kisha viti. Shangazi alikuwa anapiga makofi kwa madaha, na kila kofi moja kiti chake cha plastiki kinateremka kidogo. Mama Klorini akaona. Akakimbia kumzuia, akateleza, akakidaka kiti, na wote wawili wakashuka pamoja mpaka mbele ya maharusi.

Watu wakainuka vitini kutazama. Mama Klorini alitamani ardhi ipasuke immeze. Shangazi akatengeneza kilemba, akamtazama, akaanza kucheka. Na kicheko ndani ya zile kuta, we acha tu! Kilizunguka kikawa cha watu wote. Kushoto kukateremka, kulia kukateremka, mpaka ikawa huwezi kujua nani mkwe na nani jirani. Wakacheza wamebanana hapo chini, nyimbo zikipanda juu hadi barabarani, wapita njia wakisimama kuchungulia kwa wivu.

Jioni jamaa wa bwana harusi wakaanza kupanda ngazi waondoke. Shangazi akawafokea warudi. Mwenyewe akateremka tena, viatu mkononi, akishikilia ukuta asianguke, akaja kusimama mbele ya mfanya usafi wa bwawa. Akainamisha kichwa.

"Mwenyeji wetu," alisema, "tunaomba ruhusa tuondoke."

Mama Klorini alihisi machozi yanakuja, akayaacha yaje. Akavuta kiti, akakifuta kwa kitambaa.

"Sijawaruhusu bado, mkwe. Kaeni kidogo."

Shangazi akakaa.