Sonara wa Wete na Leseni Iliyolaliwa

Saa mbili asubuhi, mjini Wete, sonara Silima Bakar anaziba birika. Amelibana kati ya magoti, anayeyusha risasi, anaipaka kwenye tundu, anapuliza. Mikono hii imefua furungu za miguuni na bangili za maharusi miaka ishirini na miwili. Leo imejaa masizi.

"Fundi Silima!" anaita Bi Mwatum kutoka baraza ya pili. "Siku hizi umekuwa tabibu wa mabirika?"

"Na masufuria, Bi Mwatum. Lete lako lenye maradhi."

"Langu zima! Mwenye maradhi ni mie, nliyekuletea fedha ya mwanangu!"

Silima hacheki tena. Anageuka kulitazama kabati lake, lililopigwa lakiri nyekundu ya polisi.

Sheria inamtaka kila anayenunua au kuuza fedha na dhahabu awe na leseni, na leseni hufa kila Disemba. Novemba mwaka jana, 1959, Silima alipeleka maombi mapema, pamoja na leseni yake ya zamani, kama alivyotakiwa. Alimkabidhi karani wa ofisi ya leseni, Khatib Jecha. Hakuomba stakabadhi.

"Khatib nasali naye safu moja kila Ijumaa," anasema. "Nimwambie niandikie kama umepokea? Si ndo kumwita mwizi huko!"

Januari ikaja, kimya. Februari, kimya. Kila akienda, ofisa wa leseni anamjibu neno moja: "Linashughulikiwa." Machi wakaja askari, wakamkuta anafua fedha bila leseni. Wakalifunga kabati na amana za wanawake kumi na wawili zimo ndani.

Mmoja wao ni Mize, binti wa Bi Mwatum, aliyeolewa Juni kwa furungu za kuazima.

"Harusi nzima watu wanamtazama miguu!" Bi Mwatum anafoka. "Kuku huatamia siku ishirini na moja, ukaona kifaranga. Huyu bwana mkubwa wa leseni kailalia karatasi miezi kumi! Kuku gani huyu?"

Zamani Silima alipata kama shilingi mia mbili kwa mwezi. Mabirika yanampa arubaini, tena mwezi ukiwa mzuri. Watoto anao watano, na wote wanakula.

Lakini kinachomchoma zaidi ni kiini macho alichofanyiwa. Aliyenyimwa leseni anaruhusiwa kukata rufaa. Yeye hakunyimwa.

"Nkenda kulalamika, naambiwa hujakataliwa, kelele za nini?" anasema, na nyundo inatua chini kwa kishindo. "Sikupewa, sikunyimwa. Mie nini basi, jini?"

Wakili wake, Abrahman Nassor, akafungua shauri. "Hatumwombi jaji atoe leseni, hiyo si kazi yake," anaeleza. "Tunaomba amlazimishe ofisa aamue. Aliyepewa mamlaka ya kujibu hana ruhusa ya kunyamaza milele."

Siku kumi na tatu zilizopita, mahakamani Chake Chake, upande wa serikali ulidai kwamba maombi hayakupokewa kabisa. Silima hana ushahidi wa maandishi.

Wakili akamwita Khatib. Karani akapanda kizimbani, na mkubwa wake ameketi mbele anamkodolea macho. Akaweka mkono juu ya msahafu.

"Nliyapokea mie," akasema. "Nkamwekea bwana mkubwa mezani mara tatu. Mara tatu akayatia chini ya rundo."

Jaji akaamuru: ofisa ajibu kwa maandishi, ndiyo au hapana, na sababu zake, ndani ya siku kumi na nne.

Khatib hakumaliza wiki kwenye meza yake. Siku hizi anahesabu magunia ghalani. Silima alipokwenda kumwomba radhi, karani alimkata kauli: "Nliapa kwa ajili ya Mungu, bwana we. Nipishe, gunia hili zito."

Kesho siku kumi na nne zinatimia. Silima amekwishafua kanzu yake ya kuendea ofisini.

"Leseni ndo nnayoitaka, nimalize kazi za watu," anasema. "Lakini akiandika hapana, wallahi naipokea kwa mikono miwili. Hapana naijua pa kuipeleka. Nitapanda nayo kwa jaji siku ile ile, wino haujakauka."