Kazi ya Kufa kwa Homa

"Shangazi yenu amekufa," jirani yetu Amuron alituambia tulipotoka misa Mundika.

Mama akacheka. "Amekufa tena? Mwambie aamke, maharagwe hayajachambuliwa."

Waitaliano waliokuja kupiga filamu Malaba mwaka wa 1962 walimpa shangazi kazi ya kufa kwa homa, na tangu hapo alikufa katika kila harusi: kwanza anavuta leso ifunike magoti, kisha analala polepole, jicho moja wazi likitafuta kamera. Siku hiyo tulimkuta jikoni, magoti nje. Mama aliinama akamfunika, akaita jina lake la ubatizo mara tatu.

Tulimzika Jumanne. Katekista alisali, tukaimba, kila mmoja wetu akatia udongo, tukamwachia Mungu.