Gome la Mshelisheli wa Bibi

Juzi pale sokoni Mwanjelwa, Mbeya, niliona mashelisheli matatu yamepangwa juu ya gunia, miguu ikagoma kuendelea. Muuzaji aliniuliza kama nayajua, maana wateja wengi huyapita wakidhani ni mafenesi machanga. Nikamwambia nayajua. Sikununua.

Ngoja nikusimulie. Bibi yangu alitoka Unguja alipoolewa na babu, aliyekuwa na duka la vitambaa Kyela. Alikuja na chipukizi la mshelisheli ndani ya kopo, akalipanda nyuma ya nyumba, na joto la Kyela likalipokea. Nilipopata akili mti ulishapita paa. Bibi alichoma shelisheli kwenye makaa mpaka ganda likawa jeusi, akalibandua, nyumba nzima ikanukia mkate. Mengine aliyapika kwa tui. Majani yake mapana tulifungia samaki, na utomvu wake mweupe uliziba ndoo zilizotoboka. Jirani yetu, mama wa Kinyakyusa, alikuja kuukinga kidogo ajipake kiuno kilichomsumbua. Hakuja mikono mitupu. Alileta ndizi za kupika. Bibi alikuwa akisema mti ule unampunguzia hamu ya kwao.

Kazi yangu ilikuwa kufukuza ndege kwenye mpunga. Nilikuwa na miaka kumi, nimechoka kupiga debe tangu asubuhi. Nikasikia kwamba utomvu ukichemshwa unakuwa ulimbo wa kunasia ndege. Mchana mmoja bibi alipokwenda msibani, nilichukua panga nikabandua gome kuzunguka shina lote, nipate utomvu mwingi. Ulimbo wenyewe ulinasa ndege wawili tu.

Baada ya muda majani yakaanza kupukutika. Bibi alipoliona lile jeraha alikwenda moja kwa moja kwa jirani, nami nyuma yake.

“Ungeniomba tu, mwenzangu,” alimwambia kwa sauti ya chini. “Nimewahi kukunyima?”

Jirani aliapa kwamba hakuugusa. Bibi aligeuka akarudi nyumbani. Mimi nilinyamaza. Mti ulikauka, na hawakusemezana tena mpaka bibi alipofariki. Siku ya mazishi jirani hakuingia uani kwetu. Alikaa peke yake kando ya barabara.

Kutoka Mwanjelwa nilishuka Kyela, nimeamua kusema. Jirani sasa ni mzee, haoni vizuri. Alinikaribisha chai, akanishika mkono, akasema mpaka leo hajui nani aliubandua gome ule mti.

“Wewe mjukuu ulikuwa unakaa naye,” akaniuliza taratibu. “Aliwahi kukuambia kama amenisamehe?”

Nikamjibu kwamba alimsamehe zamani.

“Ndaga fijo, mwanangu,” akasema, akifuta machozi kwa ncha ya kitenge. Alinishukuru kwa msamaha wa kosa langu mwenyewe.

Nyuma ya nyumba ya bibi siku hizi kuna vyumba vya kupangisha, na kijia alichopitia jirani na ndizi zake kimezibwa na ukuta. Nilimaliza chai yote, nikaaga vizuri, nikapanda gari la Mbeya.